Mstari Mmoja Kwenye Faili la Mashine Yangu

Jumamosi, saa nne asubuhi. Mvua imekatika lakini ukungu bado umelala juu ya mabati ya mtaa wa Izia, na baridi ya leo ni ile inayoingia mpaka kwenye mifupa ya vidole. Nimekuja mjini kwenye duka la intaneti, nimekaa kompyuta ya pembeni kabisa ili mtu asisome ninachoandika. Sentensi ya kwanza nimeifuta mara tatu.

Basi niiandike kama ilivyo.

Wiki hii nusura niue mtoto.

Sikumgusa. Sikuwa hata karibu naye. Mambo yalipoanza nilikuwa Chala, kwenye msiba wa shangazi yangu, nikipika na kulia pamoja na wanawake wengine. Mtoto mwenyewe sikuwa namjua. Lakini ukilifuata jambo hili kutoka mwisho kurudi mwanzo, hatua kwa hatua, linaishia kwenye meza yangu, kwenye kompyuta yangu, kwenye mstari niliouandika kwa mkono wangu miezi minane iliyopita.

Mimi natengeneza programu za kompyuta. Hapa Sumbawanga ukisema hivyo watu wanadhani unawafundisha wengine kuchapa barua, kwa hiyo siku hizi nasema tu "nafanya kazi kwa Mwalimu". Mwalimu ni mzee wetu, alifundisha hisabati miaka mingi, na biashara za watu binafsi zilipofunguka akastaafu akafungua ofisi ya kompyuta. Tuko watatu: yeye, mimi, na Kulwa. Kulwa ni kijana wa Kisukuma, umri wetu haupishani sana ila ananiita dada. Wazazi wake walihamia bonde la Rukwa na ng'ombe wao akiwa mdogo, na mpaka leo nyumbani kwao ni huko chini, mbele ya Mtowisa.

Kazi kubwa tuliyonayo ni programu ya zahanati moja ya huko bondeni. Muuguzi anaingiza uzito wa mtoto na dawa anayopewa, kompyuta inachapisha kadi ndogo: dawa gani, kiasi gani, mara ngapi kwa siku. Mama anaondoka na kadi yake. Tuliitengeneza kwa sababu siku hizi dawa zinaletwa na wauzaji wengi, kila chupa ina nguvu yake, na muuguzi hawezi kushika vyote kichwani.

Sasa nieleze kitu cha kiufundi. Naahidi kuwa mfupi.

Programu huandikwa vipande vipande, halafu kuna programu nyingine ambayo kazi yake ni kuvikusanya vipande hivyo na kuvijenga viwe kitu kimoja. Ofisini tunaiita mjenzi. Mjenzi husoma mafaili mawili ya maelekezo. Moja ni la wote, hilo tunapeana kwenye flashi. La pili ni la mashine: kila kompyuta ina la kwake, linasema printa iko wapi, folda ziko wapi, vitu vya kompyuta ile tu. Hilo halipewi mtu mwingine, na ndivyo inavyotakiwa, maana mipangilio ya mashine yangu ikiingia kwenye yako itakuvurugia kazi.

Kompyuta zetu zote zilitoka kwa marafiki wa parokia huko Ujerumani. Kwenye kibodi zake herufi Z na Y zimebadilishana mahali, tumeshazoea. Maneno ya kwenye skrini tuliyabadilisha. Jambo moja hatukulibadilisha, kwa sababu halionekani: namna kompyuta inavyosoma namba. Mjerumani akiandika mbili na nusu anaweka mkato katikati. Nukta kwake ni ya kutenganisha maelfu tu. Kwa hiyo kompyuta yake ikikutana na 2.5 inaiona nukta haina maana, inairuka, na inasoma ishirini na tano.

Miezi minane iliyopita niliona jambo hilo kwenye kompyuta yangu. Jedwali la dozi lilikuwa linasomwa ovyo wakati wa kujenga. Nilihangaika siku nzima, nikagundua, nikaongeza mstari mmoja wa kumwambia mjenzi asome namba kama sisi tunavyoandika. Nikauweka kwenye faili la mashine yangu. Nilijisifu, nikanywa chai, nikaendelea na mengine.

Sikumwambia mtu.

Ujenzi wa mwisho ulikuwa ukifanyika kwenye kompyuta yangu siku zote, kwa hiyo tatizo halikurudi, na lisiporudi unalisahau. Siku naondoka kwenda Chala nilimwachia Kulwa kila kitu. Zahanati ilikuwa imepata dawa ya homa ya watoto kutoka kwa muuzaji mpya, dozi zilibidi zibadilishwe. Nilimwambia maneno haya haya: "Kila kitu kipo kwenye flashi. Badilisha jedwali, jenga, peleka."

Kila kitu hakikuwepo kwenye flashi.

Kulwa alifanya kazi yake vizuri, na hilo ndilo linaloniuma zaidi. Alibadilisha jedwali, akajenga kwenye kompyuta yake, akajaribu kwa mtoto wa kilo kumi. Kadi ikatoka: mililita 5. Sahihi. Tano haina nukta, kwa hiyo haikuharibika. Zilizoharibika ni zile zenye nusu, na zenye nusu ni za watoto wachanga. Jumatatu akashuka bondeni na gari la mizigo, akaiweka programu mpya kwenye kompyuta ya zahanati, akarudi.

Alhamisi asubuhi, siku ya pili tangu nirudi kutoka msibani, simu ya Mwalimu ikalia.

Alikuwa Nesi Skola, muuguzi wa zahanati. Kule mtandao wa simu unapatikana kwenye kichuguu kimoja tu nyuma ya kanisa, na ukiona ametembea mpaka pale jua kuna jambo. Mwalimu alikuwa anarudia kwa sauti kila anachoambiwa.

"Ishirini na tano? Mililita ishirini na tano?"

Akachukua kalamu.

"Mtoto wa kilo ngapi?"

Kalamu ikasimama.

"Sita?"

Nilimwona Mwalimu anavyokaa. Alishika meza kwanza ndipo akakaa, kama mtu anayetafuta kiti gizani.

Nesi Skola alikuwa kwenye chanjo za vijijini siku mbili. Mhudumu aliyebaki ndiye alikuwa anachapisha kadi, na alipoona namba kubwa alifikiri dawa ya muuzaji mpya haina nguvu kama ya zamani. Nesi aliporudi aliangalia kadi moja, akaangalia chupa, akaona kwamba kwa kadi ile chupa haifiki hata jioni. Akazima kompyuta. Kadi tatu za namna hiyo zilikuwa zimeshatoka. Mama wawili ni wa jirani, aliwafuata kwa miguu na hawakuwa wameanza dawa. Wa tatu anaitwa Mbuke, anakaa kwenye boma la wafugaji, mbali, na barabara imejaa maji. Baiskeli haipiti.

Mwalimu aliweka simu chini.

"Kulwa! Umejenga nini wewe?"

"Nilijenga ile ile aliyoacha dada, Mwalimu. Nikaijaribu."

"Dada alikuwa msibani! Wewe ndiye ulikuwepo. Hesabu ya darasa la tatu, nukta moja tu, inakushinda? Mpumbavu mkubwa!"

Miaka yote niliyomjua Mwalimu sijawahi kumsikia akimtukana mtu. Kulwa alisimama katikati ya ofisi. Mimi nilienda kwenye kompyuta yake nikajenga upya mwenyewe. Nikaweka kilo sita. Ishirini na tano. Nikarudi kwenye yangu, vipande vile vile, jedwali lile lile. Mbili na nusu.

Nikafungua faili la mashine yangu.

Mstari ulikuwepo, na juu yake nilikuwa nimejiandikia: usiondoe huu, namba za Kijerumani.

Sijui nielezeje nilichohisi. Masikio yalijaa kelele kama mvua juu ya bati. Niliyasoma yale maneno yangu mwenyewe na yalikuwa kama yameandikwa na mtu mwingine, mtu aliyejua kila kitu tangu mwanzo na akanyamaza.

Halafu nikafanya jambo ambalo mpaka leo siliamini. Nililifunga lile faili. Nikasema, "Twendeni tukamtafute mtoto kwanza."

Ni kweli mtoto alikuwa wa kwanza. Lakini kusema "ni mimi" kunachukua muda gani?

Tulipata pikapu ya jirani, dereva mmoja, Kulwa na mimi tumebanana mbele. Kulwa alikuja kwa sababu boma lile analifahamu na Kisukuma ndicho kinachosemwa pale. Tuliuteremka mlima wa Lyamba lya Mfipa kwa mwendo wa kobe, matope yanavuta magurudumu, upande mmoja ukuta wa mawe na upande mwingine hakuna kitu. Kila tulivyoshuka joto lilipanda. Nilivua sweta. Nilitamani nivue na ngozi.

Kulwa hakunyamaza.

"Sijui nimekosea wapi, dada. Nimejaribu, kweli tena. Kilo kumi ilitoka sawa."

Baadaye: "Labda nilifuta nukta bila kuona."

Baadaye tena, baada ya Muze, tukiwa tumenyooka bondeni katikati ya mashamba ya mpunga: "Mtoto akifa, dada, mimi sirudi mjini. Nitawaambiaje watu wa kwetu?"

Nilimjibu, "Hatafariki." Ndilo neno pekee nililokuwa nalo. Safari nzima, saa tano, nilikuwa na jibu la swali lake mdomoni na sikulitoa.

Nilikuwa naogopa nini? Mwalimu? Aibu? Nimejiuliza tangu juzi. Nadhani nilikuwa naogopa ule uso wa Kulwa ukigeuka kuniangalia.

Tulifika bomani saa tisa alasiri. Ng'ombe walikuwa bado malishoni. Mbuke alitoka nje ya nyumba, msichana tu, hazidi miaka ishirini, mtoto mgongoni. Kiswahili chake ni cha salamu. Nilimtazama mtoto, anaitwa Minza. Macho yake yalikuwa wazi.

Kulwa akamweleza kwamba tumetoka mjini kwa ajili ya ile dawa. Mbuke akainamisha kichwa, akasema maneno mengi kwa sauti ndogo.

"Anasema nini?" nilimuuliza Kulwa.

"Anaomba msamaha," Kulwa alisema. "Anasema alimpa mara moja tu, jana jioni, vijiko vitano kama alivyoambiwa. Mtoto akaitapika yote, akaogopa kumpa tena. Anasema tusimkasirikie. Si kwamba anadharau dawa yetu."

Anaomba msamaha. Yeye.

"Mwambie asituombe msamaha," nilisema. "Mwambie kadi ilikosewa. Ilitakiwa nusu kijiko. Tunampeleka mtoto kituo cha afya sasa hivi akaangaliwe."

Akamwambia. Mbuke alimvuta mtoto kutoka mgongoni mpaka kifuani, akamshika kwa mikono yote miwili. Kisha akauliza kitu, swali fupi.

"Anauliza ni nani aliyekosea," Kulwa alisema. "Nimwambie ni mimi?"

Aliuliza kwa unyofu kabisa, kama mtu anayeuliza njia.

"Hapana. Mwambie ni mimi."

"Dada, usinibebee."

"Sikubebei, Kulwa. Kompyuta zetu zinasoma nukta vibaya, zote. Nililijua hilo tangu mwaka jana. Kwangu nilitengeneza, kwenye faili la mashine, kwako sikutengeneza na sikukwambia. Asubuhi niliuona ule mstari. Mwalimu ameshakutukana, nami nikauona nikanyamaza."

Mbuke alikuwa anatuangalia, mmoja mmoja, anangoja.

Kulwa aligeuka akanitazama. Sitasema uso ule ulikuwaje. Kisha akamgeukia Mbuke, akamwambia maneno machache. Mbuke akaniangalia mimi, akamwangalia yeye, akaingia ndani kuchukua khanga ya kumfunikia mtoto.

Kituo cha afya tulifika kabla giza halijaingia. Daktari alimpima Minza, akambonyeza tumbo, akamuuliza Mbuke maswali mengi kupitia kwa Kulwa. Alisema kutapika kumemsaidia sana, na kutorudia kumemsaidia zaidi. Kwamba kama mama angeifuata kadi, mara nne kwa siku kwa siku tatu, ini la mtoto wa kilo sita lisingestahimili. Aliyasema hayo akiosha mikono, kwa sauti ya kawaida. Alimlaza ili aangaliwe mpaka kesho yake. Ijumaa asubuhi alipima tena, homa imeshuka, mtoto ananyonya. Tukawarudisha nyumbani.

Nesi Skola tulimkuta zahanati. Alikuwa amezikusanya kadi zote, hata zilizo sahihi, akazichana. "Kuanzia leo naandika kwa mkono," aliniambia. "Siku ukiniletea tena hiyo programu yako, Anastazia, utakaa hapa na mimi wiki nzima. Tutapima watoto wa kila kilo." Nilisema ndiyo, mama.

Njia nzima ya kupanda Kulwa hakusema kitu. Zile saa tano za kushuka alikuwa anaongea na mimi nimekaa kimya. Sasa nilikuwa nimekaa na kimya chake, nikaona uzito wake.

Ofisini nilimwambia Mwalimu. Nilisimama pale pale alipokuwa amesimama Kulwa, nikasema yote, nikafungua faili nikamwonyesha mstari na maneno yangu juu yake. Alivua miwani. Nilifikiri atanifukuza. Sijui, labda bado atanifukuza.

"Nimemwita mpumbavu mbele yako," alisema, "na wewe umesimama hapo unasikiliza."

Kisha akamwendea Kulwa, mzee wa umri ule, akampa mkono, akamwomba radhi. Mimi hakunitazama tena siku hiyo.

Jioni ile ile Kulwa alivuta kiti, akakaa mbele ya kompyuta yangu. Akasema neno moja: "Soma."

Nikamsomea faili la mashine yangu lote, mstari kwa mstari, na kila mstari akauliza, "Huu ni wa mashine yako kweli, au ni wa wote?" Printa, ya mashine. Folda, ya mashine. Namba, ya wote. Halafu tukakuta mingine miwili ambayo haikutakiwa kuwa pale, mmoja wa tarehe na mmoja wa majina yenye herufi za ajabu. Nilikuwa nimeisahau yote miwili. Tukaihamishia kwenye faili la wote. Kulwa akaongeza jambo ambalo mimi sikulifikiria: kabla ya kujenga, mjenzi sasa anaisoma 2.5 kwanza, na asipopata mbili na nusu anagoma kujenga kabisa. Tukajaribu kwenye kompyuta zote nne. Kwenye moja, iliyokuwa bado haijaguswa na mtu, aligoma kweli mpaka tulipoweka faili jipya.

Tulipomaliza ndipo nilipopata ujasiri wa kuuliza.

"Kulwa, pale bomani. Ulimwambia Mbuke nini?"

Alikuwa anafunga zipu ya koti.

"Nilimwambia kosa ni letu."

Nilianza kusema asante. Akaniinulia mkono.

"Usinishukuru. Sikufanya kwa ajili yako. Niliona aibu tu, ajue kwamba mjini tunakaa ofisi moja na hatuambiani."

Akaenda zake.

Nimekaa na maneno hayo tangu jana. Yananishtua kuliko hata ile ishirini na tano. Namba ilikosewa na mashine iliyotengenezwa mbali, inaweza kuelezeka. Ila miezi minane ya kukaa na jibu la tatizo la mwenzangu, meza mbili kutoka kwangu, nitaielezaje?

Leo asubuhi kabla sijaja hapa nilipita kwake. Sikwenda kuomba tusahau. Nilimwomba anifundishe kwa Kisukuma yale maneno niliyomtuma aseme, yote, jinsi nilivyoyasema mimi. Alinisikiliza mlangoni. Kisha akaingia akatoka na karatasi, akaniandikia, akanisomesha mara nne mpaka ulimi ukakubali. Alicheka mara moja, matamshi yangu ni mabaya mno.

Jumatatu nashuka bondeni kukaa na Nesi Skola. Kabla ya zahanati nitapita bomani kwa Mbuke, peke yangu, bila mkalimani.

Sijui atanijibu nini. Jibu lake sitalielewa. Lakini safari hii atakuwa ameambiwa na mwenye kosa.